Kobugabe na Miguu ya Nzohe

Kobugabe binti Byabato alikuwa na miaka kumi na sita alipokatazwa kutembea. Hakuwa mgonjwa, wala hakuwa na kosa. Alikuwa amechumbiwa. Kwao, miongoni mwa wafugaji wa nyika ya Karagwe, bibi harusi alitakiwa aende kwa mumewe akiwa mnene, tena mnene wa kweli, si huu unene wa mashavu tunaosifiana siku hizi. Basi mwaka 1931, masika yalipokwisha, shangazi yake alimwingiza chumba cha ndani, akamkalisha juu ya ngozi ya ng'ombe, akaanza kumnywesha maziwa. Alfajiri maziwa, jua likipanda maziwa, mchana maziwa, jioni maziwa. Akisema ameshiba, shangazi aliketi mbele yake na kijiti mkononi mpaka chombo kikauke.

Alikaa humo miezi saba. Akitaka kutoka kwenda uani alitambaa kwa mikono na magoti, maana mapaja yalisuguana mpaka yakatoka malengelenge, na vifundo vya miguu vilikataa kumbeba. Na alifurahi, tusidanganyane. Wanawake walikuja kumtazama wakapiga vigelegele, na baba yake alipita mlangoni akijifanya hatazami huku uso mzima unacheka. Mchumba alikuwa kijana wa upande wa Kaisho, mwenye ng'ombe arobaini wa pembe ndefu. Kobugabe alikuwa hajamwona hata mara moja, lakini alimwaza kutwa kucha, kwa kuwa humo chumbani hapakuwa na kitu kingine cha kuwaza.

Ndipo mbung'o walipoingia. Walikuja na vichaka kutoka mashariki, wakauma ng'ombe, na ng'ombe wakaanza kukonda, manyoya yakasimama, macho yakatoa machozi. Mzee Byabato alikuwa na ng'ombe sitini na tatu. Mvua mbili zilipopita alibaki na fimbo. Watu wa mchumba walivuka mto na wanyama wao waliosalia, wakaenda zao, hata salamu hawakuleta. Shangazi alikufa mwaka uleule, wengine wakasema kwa homa. Na ndani ya kile chumba alibaki msichana aliyetengenezwa kwa ajili ya maziwa, na maziwa hayapo.

Baba na binti walihamia Nyakatuntu, kwa wakulima. Walipewa kipande cha mteremko juu ya kinamasi cha mto Kagera, mahali ambapo migomba inakoma na mafunjo yanaanza. Kobugabe alifika pale kwa siku nne, safari ambayo mtu mzima huimaliza kwa siku moja, na kila alipoketi kupumzika baba yake alisimama mbele yake ili wapita njia wasimwone. Lakini walimwona. Wakulima wa pale hawakuwa wabaya, ila hawakuwa wamewahi kuona mwanamke asiyejua kushika jembe, na watoto walimpa jina la Mtungi. Alipoinama kupalilia alianguka kifudifudi. Alilia sana mwaka ule, alilia shambani, alilia kisimani, na hakuna aliyemuuliza kitu.

Miaka miwili ikapita, mwili ukaisha. Miguu ikapata sugu, mgongo ukapata nguvu, na Kobugabe akapanda mteremko na debe la maji kichwani bila kupumzika. Hapo wangeweza kumwoa, au sivyo? Hapana. Wakulima walisema bado ana damu ya wafugaji, hatakaa kwenye kibanja cha migomba, na wafugaji wachache waliopita njia ile walitazama mikono yake yenye sugu na mifupa ya shingo wakamhurumia kama mtu aliyeunguzwa na moto. Hakufaa huku, hakufaa kule. Basi akakaa na baba yake.

Mzee Byabato hakupata kitu kingine cha kuzungumza mpaka alipokufa. Alizungumza ng'ombe. Jioni aliegemea ukuta akawataja mmoja mmoja kwa jina na rangi, na Kobugabe, akimenya ndizi, alikuwa hasikilizi na huku anasikia. Siku moja akamwambia jinsi kundi lao lilivyopata zile pembe zilizopinda kama mikono ya mtu anayeomba. Kila kizazi cha ndama, alisema, madume wote wenye pembe mbaya walichinjwa au kutolewa, akaachwa mmoja tu mwenye pembe nzuri kuliko wote.

“Ndama hafundishwi kuota pembe, mwanangu,” alisema mzee. “Nilichagua baba yake, na baba yangu alichagua babu yake. Lakini masikio yao tumeyachanja alama kwa kisu tangu enzi za mababu, na hajapata kuzaliwa ndama hata mmoja mwenye sikio lililochanjwa.”

Kobugabe aliitikia tu, akageuza ndizi motoni. Mzee alifariki mwaka 1943, wakati wa njaa, akazikwa nyuma ya nyumba akielekea nyika alikotoka.

Baada ya hapo ikawa kimya. Sisemi kimya cha kupendeza. Nasema kile cha mtu kupika sufuria ndogo, akala nusu, akafunika nusu, kesho akala ile nusu. Jirani yake wa karibu alikuwa Dafroza, mwanamke wa Muleba aliyeletwa pale na mumewe Egbert, mfanyabiashara wa kahawa. Huyu Dafroza alikuwa na maneno mengi na moyo mzuri, akamletea Kobugabe mbuzi jike ili apate walau maziwa. Kobugabe akashukuru, akamfunga mbuzi, akamlisha, lakini maziwa yake hakuyatia kinywani. Kwao maziwa ni ya ng'ombe. Mtu aliyekunywa ya mbuzi hakustahili tena kukaribia zizi, ndivyo alivyofundishwa tangu utotoni. Zizi lenyewe lilikuwa limeoza miaka kumi na zaidi, na bado aliyamwaga. Dafroza alipomkuta anamwaga alishika kiuno, akamwambia yeye ni mtu wa ajabu kuliko wote aliopata kuwaona, na Dafroza alikuwa amefika mpaka Bukoba.

Mwisho wa mwaka 1946, mvua za vuli zikinyesha, Rwegoshora alipiga hodi. Mzee huyu alikuwa mwindaji wa kinamasini, mtu mfupi mwenye kucha zilizooza kwa maji, na kazi yake ilikuwa kutega nyavu za nzohe. Nzohe ni paa wa kwenye mafunjo. Mwili wake unakaribia kuwa wa kulungu, manyoya yake mekundu yenye mistari, na miguu yake, ebo, miguu yake ni kitu kingine kabisa. Kwato ni ndefu kama vidole vya mtu, na zimeachana pande mbili. Rwegoshora alikuwa amemkamata jike kwa wavu, akakuta ana mtoto mchanga, naye mtoto hana nyama ya kumtosha hata mbwa mmoja, akamleta.

“Shikamoo, mzee,” alisema Kobugabe.

“Marahaba, mwanangu. Wewe ni mtoto wa ng'ombe. Unajua kumnywesha ndama kwa kidole.”

Alijua. Alichovya kidole katika maziwa ya mbuzi, akakitia katika kinywa kile cha baridi, na kinywa kikashika. Muda mrefu hakuna kilichopata kumshika Kobugabe namna hiyo. Alibaki amechuchumaa mpaka miguu ikafa ganzi, na Rwegoshora alikuwa ameshaondoka bila yeye kujua.

Akamwita Mgeni. Mgeni alilala ndani, juu ya nyasi zilizotandazwa sakafuni, akamfuata shambani, akamfuata kisimani, akamlilia akitoka. Kobugabe alianza kuzungumza. Wapita njia walimsikia anasimulia habari za ng'ombe wa baba yake, jina kwa jina na rangi kwa rangi, wakadhani amepata wageni, kumbe anamweleza mnyama. Hata kupika alipika sufuria ikajaa, maana Mgeni alipenda maganda ya ndizi mabichi na majani ya viazi.

Ila kutembea kulimshinda. Juu ya mawe kwato zile ndefu zilikwama, moja ikaenda huku na nyingine kule, na kifundo cha nyuma kikainama mpaka kikagusa ardhi. Mgeni akikimbia alikuwa kama mtu aliyevaa viatu vya kaka yake. Watoto wakacheka, na mmoja, mtoto wa wale waliomcheka Kobugabe zamani, akaanza kumwita mnyama Mtungi.

Hilo lilimchoma Kobugabe, na hapo ndipo alipokosea. Ni kosa ambalo mimi na wewe tusingelifanya, kwa kuwa sisi hatukupata kuingizwa chumba cha ndani tukanyweshwa maziwa mpaka miguu ikafa. Yeye alijitazama, akamtazama Mgeni, akaona ni jambo moja. Mimi nilikuwa siwezi, alijiambia, nikajizoeza, nikaweza. Huyu naye kinamasi kimemharibu, mama yake alimkalisha kwenye tope, sasa yuko nchi kavu na nchi kavu itamnyoosha. Akafunga kamba laini shingoni mwa Mgeni, na kila asubuhi akampitisha njia ya mawe, kutoka nyumbani kwake mpaka kwa Dafroza na kurudi. Mnyama alipoketi alimngoja. Aliposimama alimvuta tena. Upande wa kinamasini akaweka boma la miiba, kwa kuwa jioni Mgeni alipenda kusimama akielekea mafunjo, masikio yamesimama, na Kobugabe hakutaka kumwona hivyo.

Alifanya hivyo mwaka mzima na miezi. Ncha za kwato zilisagika, kweli, zikawa fupi, mara nyingine zikatoka damu. Lakini vidole vilibaki vimeachana vilevile, na kifundo kiliendelea kuinama vilevile. Dafroza alimwambia aache kumtesa kiumbe wa Mungu. Kobugabe alikasirika, akapita siku tatu bila kumsalimu, na hizo siku tatu zilikuwa ndefu kwake kuliko kwa Dafroza.

Jumapili moja ya mwaka 1948, watu wakitoka kusali, mbwa watatu wasiojulikana ni wa nani wakamwona Mgeni njiani. Kamba ikamponyoka Kobugabe. Paa mwingine yeyote, hata yule mdogo kabisa wa vichakani, angewaacha mbwa wale wakihema. Mgeni alikwenda hatua ishirini, miguu ikatanuka juu ya mawe, akaanguka. Kobugabe aliwapiga kwa mpini wa jembe mpaka mpini ukavunjika, na walipokimbia walimwacha Mgeni na paja limechanika.

Rwegoshora ndiye aliyekuja na dawa ya majani, akamfunga jeraha. Kisha akaichukua miguu ya mnyama mkononi, mmoja baada ya mwingine, akaitazama kwa muda. Kobugabe akamweleza yote, jinsi alivyojizoeza yeye zamani na jinsi anavyomzoeza huyu. Alieleza bila kumtazama usoni, kwa sababu sasa alikuwa ameanza kuogopa jibu.

Mzee hakumlaumu. Alimwambia tu kwamba katika kazi yake amepasua majike wenye mimba, Mungu amsamehe, na mara zote, mtoto ambaye hajakanyaga tope wala jiwe, ambaye hajafungua hata macho, alikuwa nazo kwato hizihizi, laini kama ukucha wa mtoto wa mtu, lakini ndefu na zimeachana. Kinamasi hakikumharibu. Alikuja hivi.

 Masikio ya ng'ombe yakamjia Kobugabe, yale yaliyochanjwa enzi na enzi na ndama akazaliwa na masikio mazima. Pembe zikamjia. Akauliza swali ambalo nadhani pale Nyakatuntu hakuna mtu aliyekuwa amewahi kuliuliza.

“Pembe za ng'ombe wetu alizichagua baba. Miguu hii aliichagua nani?”

Rwegoshora alikuna kidevu. Akasema yeye hajui mambo ya kuchagua, anajua anachokiona. Ndani ya mafunjo kuna vichipukizi vitamu ambavyo hakuna mnyama mwingine anayevigombea, kwa sababu hakuna mwingine awezaye kufika. Mwenye miguu hii anatembea juu ya mafunjo yaliyolala majini, anakula, na mbwa wakija anazama mpaka pua. Lakini katika miaka arobaini ya kutega, mara mbili tatu amekutana na nzohe mwenye kwato zilizobanana kidogo, na hao hawakumsumbua. Mmoja alimkuta amekwama topeni, akamshika kwa mkono, bila wavu. Hakuwa na mtoto, wala hakupata nafasi ya kuwa naye.

“Basi ni ninyi,” alisema Kobugabe polepole. “Wewe na mbwa wako, na chui, na lile tope. Mmekuwa mkiwatoa wale wa miguu mibaya tangu zamani sana, kidogo kidogo, na waliobaki wakazaa waliofanana nao, mpaka wakawa hivi. Kama baba na madume yake. Ila baba alikuwa anajua anachotafuta.”

“Sisi tulikuwa tunatafuta nyama tu,” alisema mzee.

“Na kila walipozidi kuliweza tope, mawe yakazidi kuwashinda.”

“Huwezi kupewa miguu ya namna mbili kwa mwili mmoja, mwanangu.”

Kobugabe alimshika Mgeni sikio, akalisugua taratibu. Akasema, kwa sauti ambayo mzee alilazimika kuinama ili aisikie, kwamba yeye basi hakuwa kama huyu. Yeye alinyweshwa. Alifanywa hivyo kwa miezi saba na kutenguliwa kwa miaka miwili, na kama angezaa binti, binti angezaliwa na miguu yake mizima, tayari kwa jembe. Lakini Mgeni asingezoea. Hata angemvuta juu ya mawe mpaka wote wawili wazeeke, asingezoea, na mbwa wangerudi.

Rwegoshora alimwambia anaweza kumfunga uani maisha yake yote. Wapo wanaofanya hivyo. Kobugabe alitazama mlango wa chumba chake cha ndani, akatikisa kichwa.

Walingoja wiki tatu jeraha lifunge. Najua mtu atasema wiki mbili zingetosha. Aliomba ahadi moja kutoka kwa mzee, kwamba asitege upande ule wa kinamasi. Rwegoshora alifikiri, akakataa kusema uongo. Akasema yeye ni mwindaji na tumbo lake halina sikukuu, akimkuta kwenye wavu atamchukua kama anavyowachukua wengine, lakini nzohe mzima mwenye miguu kama hii huenda maji ya ndani, ambako yeye hajafika mara nyingi. Kobugabe alisema basi, imetosha.

Asubuhi ile aliondoa miiba ya boma kwa mikono yake. Mgeni alisimama akitazama nafasi iliyofunguka, kisha akaipita akateremka, na Kobugabe akamfuata nyuma akiwa ameshika kamba iliyolegea. Penye mafunjo ya kwanza akaifungua. 

Mgeni akatia mguu majini. Zile kwato zilizomwaibisha juu ya mawe zilitanuka zikalala juu ya mafunjo yaliyoanguka, kile kifundo kibaya kikainama kikapata pa kuegemea, na mwili wote ukapita juu ya maji bila kuzama, kama mtu anayetembea juu ya mkeka wa nyumbani kwake. Hakuna aliyemfunza. Akakata kichipukizi, akatafuna. Kisha ndege akaruka kwa kishindo karibu yake, na Mgeni akazama. Kobugabe alitafuta muda mrefu mpaka akaona tundu mbili tu za pua juu ya maji, zimetulia.

Alitaka Mgeni ageuke amtazame. Nasema wazi, alitaka sana. Alimwita mara moja, halafu akajiziba mdomo kwa kiganja. Pua ikaondoka taratibu, mafunjo yakatikisika mbele kidogo, yakatikisika mbele zaidi, halafu yakawa mafunjo tu. Kobugabe alipotaka kugeuka alikuta miguu yake mwenyewe imezama topeni mpaka magotini, akashika majani, akajivuta mguu mmoja, akajivuta wa pili.

Alipanda mteremko bila kupumzika. Nyumbani mbuzi alikuwa analia, kiwele kimejaa, saa ya kukamuliwa imepita. Akamkamua kama kila siku, kwa kuwa mbuzi hakujua kilichotokea, na maziwa yakajaa kibuyu kile kile cha Mgeni. Alikipeleka mpaka ukingoni mwa ua, mahali alipozoea kuyamwaga kabla Mgeni hajaja, akasimama hapo amekishika. Hapakuwa na shangazi mbele yake, wala kijiti, wala mchumba wa Kaisho, wala ng'ombe hata mmoja ambaye zizi lake angekatazwa kulikaribia.

Akaketi kizingitini, akanywa. Yalikuwa na harufu aliyoambiwa tangu utotoni kuwa yatakuwa nayo. Alinywa yote peke yake, machozi yakimtoka, mpaka chombo kikakauka, kisha akaingia ndani kutafuta mpini mpya wa jembe.